Nyama ya Idi Katika Chungu cha Dawa

Mama yangu hakupata kurudisha chombo cha mtu kitupu. Kule Unguja ukimletea bakuli la mchicha, bakuli litarudi na maandazi. Ukimletea sinia, sinia litarudi na kitu chini ya kawa, hata kama kitu chenyewe ni ndimu na pilipili mbuzi. Nilikua nikiliona jambo hilo la kawaida kabisa, kama kuvua viatu mlangoni. Sikujua kwamba litakuja kunitia aibu ambayo mpaka leo, nikiwa bibi wa wajukuu, ikinijia ghafla jikoni nafunika uso kwa ncha ya kanga na kusema peke yangu, "Ya Rabbi nistiri."

Tulifika Maskati mwaka 1964 na nguo tulizovaa, na ziada kidogo isiyofaa kusimuliwa. Kaka yangu alipata kazi ya ukarani kwenye kambi ya watafuta mafuta huko jangwani, tukawa tunamwona mara moja moja. Mama na mimi tulipewa chumba chenye ua mdogo Matrah, nyuma ya nyumba ya jamaa za marehemu baba. Pale ambapo leo pana Bandari ya Sultan Qaboos na meli kubwa za watalii palikuwa na pwani tu, mapunda na wachukuzi.

Jamaa zetu walikuwa watu wema, sitaki kuwasema. Lakini mtu akikupa chumba, halafu akakupa mchele, halafu akamtuma mtu na sahani ya samaki aliyekwisha pikwa, unafika wakati unatamani akusahau kidogo upumue. Mama ndiye aliyeumia zaidi. Unguja watu walimwita Mwarabu, na yeye akajiona Mwarabu kweli. Alipofika kwa Waarabu wenyewe wakamwita Zinjibari, na Kiarabu chake, ambacho kilikuwa cha sura na dua tu, kikawachekesha mabinti wa nyumba kubwa mpaka wakaziba midomo kwa shela. Mama akawa haendi tena kule mbele ila kwa mazishi na Idi.

Kilichombakia ni vyombo vya watu. Sahani ya nyumba kubwa ikija na samaki, mama ataizungusha ndani ya chumba kile akitafuta cha kuiwekea. Dengu za kuchemsha. Tende, ingawa tende wenyewe walikuwa nazo magunia. Siku moja tulikuwa hatuna kitu hata kimoja, akaiosha sahani ile, akaifuta mpaka ikang'ara, akatia chembe za ubani katikati, akanipa nipeleke. Nilipokewa na mke wa mwenye nyumba, akaziangalia zile chembe, akaniangalia mimi, akasema "Baraka Llahu fikum" kwa sauti ya kumbembeleza mgonjwa. Niliona aibu mpaka masikio yakawaka. Nilikuwa na miaka ishirini, nimesoma, nilikuwa karibu kuwa mwalimu, na sasa kazi yangu ilikuwa kupeleka ubani kwa watu wanaotoka nchi ya ubani.

Huo ndio wakati wa jirani yetu wa Silani. Silani ndiyo Sri Lanka ya leo. Mumewe alikuwa karani wa wakala wa meli, na walikaa upande wa pili wa ukuta wetu. Kwa muda mrefu tulimjua kwa harufu tu. Kuna siku za meli; meli ikifika, moshi wa jikoni kwake unabadilika, na mama anaacha anachofanya, anainua pua juu.

"Nazi hiyo," anasema. "Wallahi nazi hiyo. Huyu mwanamke anakuna nazi."

Maskati haikuwa na nazi. Mama aliweza kukaa pale penye ukuta mpaka mchuzi wa mwenzake uive.

Majira ya baridi ya mwaka 1966 mama alishikwa na kifua. Alikohoa mpaka ukuta ukajua. Asubuhi moja mlango ukabishwa, nikafungua, nikamwona mwanamke mwembamba mwenye nywele zilizofungwa fundo kisogoni, ameshika chungu kidogo cheusi kwa vitambaa viwili. Alikuwa akisema Kiingereza, na mimi nilikuwa nacho cha skuli, basi nikawa mkalimani. Alisema amesikia kikohozi, na kwamba ndani ya chungu mna giligilani, tangawizi na mizizi ya kwao, na mama anywe moto moto. Alituachia chungu na kata yake ya makumbi ya kukikalishia, akasema tusiihamishie dawa kwenye bati wala sufuria, tuipashe humo humo.

Mama alijiinua kitandani kumshukuru. Alipoondoka akaniambia, "Msilani huyo. N'nawajua hao. Masonara wa mjini kwetu walikuwa Wasilani. Watu safi."

Akanywa, na dawa ilipokwisha yule mwanamke akaja kutia maji na mizizi mingine, na kikohozi kikalainika kikatoka. Sitasema ni dawa au ni kule kutembelewa. Najua tu kwamba mama alikunywa kila tone, na alipokuwa akishika kile chungu alikuwa akikipapasa tumbo lake kwa kiganja. Tulikuwa tukipikia masufuria ya kuazima tangu tufike. Hakuwa ameshika chungu tangu Unguja.

Ikaingia Idi Kubwa. Nyumba ya mbele walichinja ng'ombe, na siku ya pili fungu letu likaja: steki nzuri, na mifupa ya supu juu yake. Mnisamehe nikiizungumza nyama ile kwa adabu. Tulikuwa watu wa samaki na wali, samaki na mkate, na siku nyingine tende na kahawa. Niliitazama nikaanza kuipangia: nusu leo, nusu kesho, ya kesho tuikaushe kidogo.

Mama alikuwa ameshakishusha kile chungu cha jirani.

"Leo kitarudi," akasema.

"Mama, huyu anakula nyama ya ng'ombe?"

"Kwani Baniani? Asokula nyama ni Baniani. Hawa n'nawajua mie. Mke wa sonara akija bucha la sokoni anachagua mwenyewe, na kugombana anagombana. Usinifundishe watu."

"Basi tuipike kwenye sufuria, tuitie kwenye bakuli letu, na chungu nimpelekee mbali."

"Nimpelekee kitupu?" Aliniangalia kama aliyemzaa mtu asiyemjua. "Mwanamke kaja kwa miguu yake kunitibu, mie simjui hanijui, sina nilichompa, leo Mungu kaniletea, we unataka nimpelekee chungu kitupu na bakuli pembeni? Watu watasema tumetoka wapi?"

Watu wenyewe walikuwa wapi, sijui. Lakini nilinyamaza, kwa sababu uso wake ulikuwa umerudi kuwa uso wa nyumbani kwetu, uso wa mwanamke anayeamrisha sinia ngapi ziende kwa nani. Akakitua chungu juu ya mafiga. Akakaanga kitunguu kwa samli tuliyokuwa tukiila kwa kidole, akatia thomu, tangawizi, bizari, ndimu kavu, chumvi, na steki yote. Yote. Alionja kwa kiganja akafumba macho. Mifupa akanipa mimi niiteleke kwenye sufuria, ndiyo iwe Idi yetu.

Nikakifunga kwa kitambaa, nikakikumbatia, nikatoka. Kilikuwa cha moto na kilinukia mpaka paka wa mtaa wakanifuata.

Jirani alinipokea kwa furaha iliyonishangaza. Nadhani hakuwa akitembelewa na mtu. Alinishika mkono akanipeleka moja kwa moja jikoni, kwa sababu kwake jikoni ndiko kulikokuwa na cha kuonyesha. Kwanza nikaiona mbuzi ya nazi, chini, mbuzi kama ya kwetu kabisa, nikacheka peke yangu. Kisha nikaviona vyungu. Vilipangwa sakafuni kila kimoja kwenye kata yake, vyeusi, vimeng'arishwa na moshi, na akaanza kunieleza kama mtu anayemjulisha mgeni kwa watoto wake.

"Hiki kikubwa ni cha wali tu. Hiki kipana ni cha samaki. Tunampika na tunda kali la kwetu mpaka mchuzi ukauke kabisa, na anakaa siku nyingi bila kuharibika. Hakiingii kitu kingine. Hiki ni cha dengu. Hiki cha mboga za majani. Udongo unakunywa kile unachopikia, unajua? Ukichanganya, kila chakula kinakuwa na ladha ya mwenziwe."

Nilifurahi. Nilitaka kumwambia kwetu nako kuna chungu, kuna kaango, kuna wayo wa udongo wa kuchomea mkate. Nikainua kidogo kile nilichokikumbatia, nikauliza kwa moyo mweupe kabisa, "Na hiki je, kinakaa wapi?"

"Hicho hakikai na wenzake," akasema. Akanionyesha kupitia mlango wa chumba cha ndani. Kulikuwa na rafu ndogo, imetandikwa kitambaa cheupe, juu yake vifurushi vilivyofungwa kwa uzi, na kata moja tupu inayosubiri. "Hicho ni cha dawa peke yake. Tangu kitoke tanuruni hakijaingia chumvi wala mafuta. Mama yangu alinipa siku niliyoondoka. Chakula kikiingia humo, hakifai tena kwa dawa."

Yaliyonipata pale sijui kuyaeleza vizuri. Mchuzi ulikuwa ukicheza ndani ya chungu juu ya kifua changu. Nilifikiri kujikwaa kwa makusudi, kianguke, kivunjike, niwe mjinga wa kuvunja vyombo, ambalo ni jambo dogo. Nilifikiri kugeuka na kukimbia. Mwishowe nilisimama kama gogo, na harufu ya ndimu kavu na samli ikatangulia kusema.

Alikipokea. Akafunua. Sitausahau uso ule, na si kwa kuwa ulikasirika. Haukukasirika hata kidogo. Ulitulia tu, kama uso wa mtu anayejumlisha kitu kichwani.

"Mama amepika?"

"Ndiyo."

"Nyama?"

"Ya ng'ombe," nikasema. "Ya sikukuu yetu."

Akafunika taratibu. Akakiweka chini, pamoja na vile vya chakula, mwisho wa mstari. Kisha akakutanisha viganja vyake mbele ya kifua na kuniinamia, mimi mtoto wa juzi, akasema, "Mwambie mama nimeshukuru sana."

Hakuna aliyenifundisha kwamba kuna vyombo vya namna hiyo, na yeye hakutuambia, kwa sababu kwao halisemwi. Sisi nasi hatumwambii mgeni kwamba kopo la msalani si la kuchotea maji ya chai. Kwa hiyo siwezi kusema nani alikosa. Ndiyo maana aibu ile haikuwa na pa kwenda. Kosa unaomba radhi likaisha.

Mama alikuwa mlangoni.

"Kasemaje?"

"Kashukuru sana."

"Kakifunua mbele yako?"

"Kakifunua."

"Kanusa?"

"Kanusa, mama."

"Eeeh!" akasema, akapiga kofi moja la furaha. Tukakaa kula supu ya mifupa. Alikuwa akinyonya mfupa na kutabasamu, na mimi, Mungu anisamehe, nilimchukia kwa muda wa kumaliza kipande cha mkate. Nilikichukia kiburi chake, na masinia yake, na Unguja yake yote iliyobaki ndani ya kichwa kimoja. Kisha nikaiona mishipa ya mikono yake, nikamwongezea mchuzi.

Kesho yake akaja mchota maji, Mbaluchi mzee aliyekuwa akitujazia mitungi sisi na nyumba ya jirani. Alitua viriba vyake, akamgeukia mama na kusema kwa Kiarabu, huku akijipiga tumbo, kwamba Mungu aubariki mkono wake, nyama kama ile hajaila miaka mingi, na watoto wake wamelamba vidole.

"Anasema nini?" mama akaniuliza.

"Anasema maji ya leo matamu."

"Mwambie alhamdulillahi." Na mzee akaondoka akiwa na hakika kwamba amemshukuru vizuri.

Nilikaa siku nyingi bila kwenda upande ule. Nilipokuwa naanika nguo nilikuwa nainama nisionekane juu ya ukuta. Lakini pua hainami, na nikagundua kwamba ile harufu kali ya mizizi, ambayo kabla ya mama kuugua ilikuwa ikivuka ukuta kila asubuhi, ilikuwa haijarudi. Ndipo nikajua kwamba dawa ile haikuwa imeletwa kwa ajili ya vikohozi vya majirani. Kulikuwa na mtu anayeinywa.

Nikaenda. Nilimkuta uani, na chungu kikiwa kimelala kwenye majivu ya moto. Alikuwa amekisugua kwa majivu, akakichemshia maji ya mchele, akakichemshia ndimu, sasa alikuwa anajaribu kukichoma. Akatia maji, akayachemsha mbele yangu, na yalipopata moto macho madogo ya mafuta yakapanda juu yakielea. Akayamwaga.

"Dawa ni ya nini?" nikauliza. Sikuwa na haki ya kuuliza.

Akaniambia. Mimba zilikuwa zikimtoka. Madaktari wa kwao walikuwa wamekata tamaa, lakini kijijini kwa mama yake kulikuwa na tabibu wa mizizi, na mama yake alikuwa akimletea vifurushi kwa mabaharia. Dawa ilitaka kuchemshwa kwa moto mdogo tangu chungu kikiwa kimejaa mpaka ibaki kikombe kimoja, na ilitaka udongo safi. Alikuwa ameijaribu kwenye sufuria. Ilibadilika rangi na ikamtapisha. Mumewe alisema dawa ni dawa, chungu ni ushirikina. "Labda ni kweli," alisema. "Lakini nikiinywa bila kuiamini, nitakuwa nakunywa nini?"

"Kwa nini hukumwambia mama?" nikasema, na nadhani nilisema kwa ukali, kwa sababu nilitaka mtu wa kugombana naye.

"Mama yako alinipa nyama yake ya sikukuu," akasema. "Unataka nimwambie nini?"

Kisha akaniuliza sisi siku ile tulikula nini. Nikamwambia tulikula, alhamdulillahi. Akatazama ukuta mfupi uliotutenga, na mimi nikajua kwamba alituona na ile mifupa.

Nikaanza kutafuta chungu. Nilikwenda sokoni, suku ya Matrah, na buibui langu kama mtu aliyeibiwa. Walikuwako wauza vyombo vya udongo vinavyoletwa kutoka Bahla kwa ngamia: mitungi ya maji ya kuning'iniza, ile inayotoka jasho na kupoza maji, na vyetezo vya ubani vya kila namna. Chungu cha kutelekea motoni kila mtu ananijibu kwa kuniuliza, "Huna sufuria, bibi?" Mabinti wa nyumba kubwa walisikia, wakaulizana kama sisi Wazinjibari tunarudi kuishi porini. Nikavumilia. Mwishowe mzee mmoja akanipatia chungu chenye mdomo mnene, akaapa kinapikia. Nilimpelekea jirani. Tulikipaka nazi, tukakitia maji ya mchele, tukakaa mbele yake wawili kama wanawake wanaosubiri mzazi. Kilipata moto kidogo tu kikatoa sauti, kikagawanyika vipande viwili, na maji yakauzima moto.

Yeye alicheka. Alicheka mpaka akajifuta macho, na mimi nikacheka naye, na nikiwa nacheka nikajisikia nalia. Aliokota vigae, akaviweka upande. "Subiri," akasema, "mama ataniletea kingine." Lakini chungu alicholetewa kwa mkono wa mabaharia kilifika kwetu vigae, na mara ya pili hakikufika kabisa. Kisha mama yake akafa, na tabibu naye alikuwa mzee, na vifurushi vikakoma. Vile vilivyokuwa kwenye rafu alivitunza.

Mama naye hakunipa nafasi. Alikuwa amepata shoga. Alitaka kwenda kumtembelea kwa adabu zote, na kanga yake moja nzuri iliyobaki, na mimi niende nikatafsiri. Nilitoa sababu mpaka zikaniishia. Siku tuliyokwenda, kitu cha kwanza mama alichokitafuta kwa macho ni kile chungu, na kilikuwa pale, mwisho wa mstari, kina kunde ndani zinachemka. Jirani alikuwa amekiteleka kwa ajili yake. Alikuwa akijua tunakuja.

"Waona?" mama akaninong'oneza, akinibana kiwiko. "Anakitumia."

Jirani alielewa bila ya kutafsiriwa. Akachukua upawa wa kifuu, akakoroga kunde zile, akatuonjesha kwenye viganja vyetu. Akaniangalia mara moja tu, kisha akaangalia pembeni ili kunipunguzia. Hilo ndilo lililoniumiza kuliko yote, kwamba alikuwa na nafasi moyoni ya kuihurumia hata aibu yangu.

Ikawa hivyo miaka. Kila mama akipata kitu, kinavuka ukuta. Kila jirani akipata nazi ya meli, nusu inavuka kuja kwetu, na mama anaikamua tui mpaka machicha yanabaki makavu. Walikuwa wakikaa pamoja jioni kabla ya Magharibi, wanawake wawili wasio na lugha moja, wanachambua mchele. Wakati mwingine jirani alikuwa akinyamaza na kushika tumbo lake, na baada ya siku mbili tatu asionekane uani, na mama aniambie, "Mwenzio hajisikii, mpelekee uji." Nilikuwa napeleka uji. Nilijua ni nini na sikuweza kumwambia mama. Ningemwambia, angejua kile chungu kilikuwa cha nini. Alikuwa amepoteza nyumba, na mji, na majina ya watu wa kumsalimia njiani. Alichobaki nacho ni kwamba hajapata kurudisha chombo cha mtu kitupu, na mimi ndiye ningemwambia kwamba hicho nacho kilimuumiza mtu? Sikusema, na hata leo nisingesema.

Mwanzoni mwa mwaka 1970 wakala wa meli akamhamisha yule mume. Mambo yalikwenda haraka, kwa sababu meli haisubiri. Vyungu vingine vilifungwa ndani ya makapi na magunia. Asubuhi ya kuondoka jirani akaja mlangoni kama alivyokuja mara ya kwanza, kwa vitambaa viwili, ingawa chungu safari hii kilikuwa baridi.

Akampa mama. Walikumbatiana, mama akamsomea dua yote, tangu mwanzo hadi amina, na yule akainamisha kichwa akaipokea. Mimi akanishika shavu. Nilitaka kusema lile neno ambalo nilikuwa nalo tangu Idi ile, na Kiingereza changu chote cha skuli kikanikimbia. Akashuka kuelekea pwani nyuma ya punda wa mizigo.

Mama aliketi chini, akakipakata chungu, akakifunua. Kilikuwa kimejaa. Vifurushi vyote vya ile rafu vilikuwa humo, vimepangwa, na uzi wake haujafunguliwa.

Kisha uso wa mama ukafunguka, na nikamwona kijana, nikamwona vile alivyokuwa mlangoni kwetu Unguja sinia likirudi.

"Umemwona?" akasema. "Umemwona mwanamke muungwana? Hakukirudisha kitupu. Si wa dini yetu, si wa lugha yetu, na hakukirudisha kitupu." Akanusa kifurushi kimoja. "Dawa hii. Ya nini, mwanangu? Alikwambia?"

"Ya kifua, mama."

"N'najua. Ile ile iliyoniponya."

Akawasha moto pale pale, akakitua chungu kwenye mafiga, akafungua uzi wa kifurushi cha kwanza kwa meno. Alichemsha kwa subira, kama alivyomwona mwenziwe akifanya, mpaka maji yakabaki kikombe. Macho ya mafuta yalikuwa yakielea juu, madogo sana, na yeye hakuyaona, au aliyaona akadhani ndiyo dawa yenyewe. Alikunywa nusu akakunja uso, akanipa mimi nusu nyingine.

"Kunywa," akasema. "Isije ikamwagwa. Mtu katupa kwa moyo wake."

Nilikipokea kikombe kwa mikono miwili. Nikainywa yote, na mizizi iliyobaki chini nikaitafuna.